Vavilov na Mashamba ya Pembezoni mwa Jiji

Nikolai Ivanovich Vavilov, mtaalamu wa mimea wa Urusi aliyezaliwa Moscow tarehe 25 Novemba 1887 na kufia gerezani mjini Saratov tarehe 26 Januari 1943, hakuwahi kufika Dar es Salaam, na sehemu ya Afrika Mashariki aliyoifanyia kazi ni Ethiopia na Eritrea, alikozunguka na msafara wa nyumbu katika miezi ya mwanzo ya mwaka 1927. Hata hivyo swali lililomshughulisha maisha yake yote, yaani kila zao linalolimwa na binadamu lilianzia wapi na aina zake mbalimbali zimebaki wapi, linavihusu vitongoji vya nje vya jiji hili kuliko inavyodhaniwa. Kinondoni na Temeke ni wilaya ambazo ndani ya kizazi kimoja mashamba yake mengi ya minazi, mikorosho na mihogo yamekatwa viwanja, na kila shamba lililokatwa viwanja liliondoka na aina za mimea ambazo mara nyingi hazikuwa zimeandikwa popote. Sensa ya mwaka 2012 ilihesabu watu 4,364,541 katika Mkoa wa Dar es Salaam, na ile ya mwaka 2022 ikahesabu 5,383,728. Sehemu kubwa ya ongezeko hilo la watu zaidi ya milioni moja ilielekea kando ya jiji, Mbagala, Chamazi, Toangoma, Bunju na Mabwepande, ambako hadi juzi juzi ardhi ilikuwa ikiuzwa kwa ekari.

Nadharia ya Vavilov hueleweka kwa urahisi pale inapotazamwa kupitia bidhaa za sokoni. Katika Soko la Tandale, Kinondoni, linalojulikana kwa nafaka na mikunde, na katika Soko la Stereo, Temeke, mazao yaliyopangwa kwenye magunia, visado na mafungu yana nasaba zinazoelekea pande zote za dunia. Mtama, ulezi, kunde na njugumawe ni mazao ya Afrika yenyewe. Mahindi yalitoka Mexico. Muhogo, karanga na korosho vilitoka Amerika ya Kusini. Embe, mbaazi na choroko vilitoka upande wa India, ilhali ndizi na nazi zilianzia kwenye visiwa na pwani za Asia. Vavilov aliyaita maeneo kama hayo vituo vya asili ya mimea inayolimwa. Katika kitabu chake cha mwaka 1926, kilichompatia Tuzo ya Lenin, alitaja vituo vitano, na kufikia mwaka 1935 alikuwa amevigawa upya vikawa vinane, kimojawapo kikiwa Abyssinia, jina ambalo Ethiopia iliitwa na wageni wakati huo. Hoja yake ilikuwa kwamba mahali ambapo zao moja linaonekana kwa maumbo mengi, rangi nyingi na tabia nyingi, ndipo lilipokaa kwa muda mrefu zaidi mikononi mwa wakulima, na kwa hiyo mtafiti anayetafuta mbegu inayostahimili ukame, ukungu au wadudu hana budi kwenda kuitafuta huko.

Hoja hiyo ilikuwa na chanzo cha kivitendo. Baba yake Vavilov alitoka katika kijiji cha wakulima maskini akaja kuwa mfanyabiashara wa nguo mjini Moscow, na kumbukumbu ya njaa za vijijini Urusi haikuwa mbali na familia hiyo. Kijana huyo alisoma kilimo, kisha mwaka 1913 akaenda Uingereza kujifunza kwa William Bateson, mmoja wa waasisi wa jenetiki, yaani elimu ya namna sifa zinavyorithiwa kutoka kizazi hadi kizazi. Mwaka 1916, katikati ya Vita Kuu ya Kwanza, alipelekwa Uajemi kuchunguza ni kwa nini askari wa Kirusi waliokula mkate wa huko walikuwa wakilewa na kuugua. Alibaini kwamba ngano ya mahali hapo ilikuwa imechanganyika na mbegu za gugu moja linalofanana na ngano, ambalo hubeba kuvu yenye sumu. Jawabu lilipopatikana hakurudi nyumbani, bali aliendelea hadi milima ya Pamir akikusanya sampuli, na tangu hapo tabia yake ya kusafiri kwa kisingizio kimoja na kurejea na magunia ya kitu kingine haikubadilika.

Mwaka 1920, akiwa profesa mjini Saratov, alitoa nadharia aliyoiita sheria ya mifululizo inayolingana. Maana yake ni kwamba mimea ya ukoo mmoja hubadilika kwa njia zinazofanana, kiasi kwamba sifa iliyoonekana katika jamii moja ya mmea inaweza kutarajiwa katika jamii iliyo jirani yake hata kabla haijaonekana kwa macho. Ngano laini ya mkate, kwa mfano, ilijulikana kuwa na aina zenye ndevu kwenye suke na aina zisizo na ndevu, lakini ngano ngumu, ile inayotengenezewa tambi, ilijulikana kwa ndevu peke yake. Kwa mujibu wa sheria hiyo, ngano ngumu isiyo na ndevu ilipaswa kuwepo mahali fulani. Mwaka huohuo wa 1920 mkuu wa idara ya botania tumizi mjini Petrograd, Robert Regel, alifariki, na Vavilov akaitwa kushika nafasi yake. Idara hiyo ndogo aliigeuza kuwa taasisi yenye vituo vya majaribio kutoka mipaka ya baridi kali hadi nchi za joto za kusini, na mwaka 1940, alipokamatwa, ilikuwa na takriban sampuli 250,000 za mbegu, mkusanyo ambao wakati huo haukuwa na mfano duniani.

Safari ya Ethiopia inastahili kuelezwa kwa kirefu, kwa kuwa ndiyo iliyomkutanisha na kilimo cha Afrika kilichokuwa hakijaguswa na mashamba makubwa ya wakoloni. Aliingia kwa kupitia Djibouti na kupanda reli hadi Addis Ababa, akapokelewa na Ras Tafari, ambaye ndiye aliyekuwa akiendesha serikali na ambaye mwaka 1930 alitawazwa kuwa mfalme kwa jina la Haile Selassie. Mtawala huyo alitaka sana kusikia habari za mapinduzi ya Urusi, na pengine alikuwa na sababu zake. Baada ya kupata barua ya ruhusa, msafara ulikwenda kaskazini kwa njia za milimani hadi Gondar na Aksum, ukatokea Asmara katika Eritrea iliyokuwa chini ya Italia. Katika mashamba hayo Vavilov alikuta ngano za rangi ya zambarau, shayiri za kila umbo, tefu ambayo punje yake ni ndogo kuliko ya uwele, ulezi, mtama, ensete ambayo huliwa shina badala ya tunda, pamoja na mbuni. Karibu na Aksum alikuta kile alichokuwa amekitabiri, ngano ngumu isiyo na ndevu. Kwa mwanasayansi, kuthibitishwa na shamba la mkulima asiyemjua kulikuwa na uzito kuliko makofi ya mkutano wowote.

Alichokishangaa zaidi kilikuwa kwamba shamba moja la Ethiopia lilikuwa na mchanganyiko wa aina nyingi zilizopandwa pamoja kwa makusudi. Wakaguzi wa kilimo wa Ulaya wa zama hizo waliyaita mashamba ya namna hiyo uchafu, wakitaka shamba liwe na mbegu moja ya urefu mmoja. Mkulima wa Tigray alijua kwamba mvua ikikatika mapema aina moja itakufa na nyingine itazaa, na kwamba mchanganyiko ndio bima yake. Mkulima wa Rufiji anayepanda aina kadhaa za mpunga katika bonde moja, au mkulima wa Mkuranga mwenye mihogo mitamu na michungu katika shamba lilelile, anafuata busara hiyohiyo.

Haki inadai kusema pia kwamba Vavilov alikosea katika jambo moja lenye uzito. Alichukulia kwamba wingi wa aina na asili ya zao ni kitu kimoja, na kwa hiyo akaihesabu Ethiopia kuwa chimbuko la ngano ngumu. Utafiti wa baadaye wa akiolojia, yaani elimu ya kuchimbua mabaki ya kale, ulionyesha kwamba ngano na shayiri vilianza kulimwa Mashariki ya Karibu, vikaingia Ethiopia baadaye na kuzaana kwa wingi kutokana na milima, mabonde na mikono mingi ya wakulima. Mwaka 1971 mtaalamu wa Marekani Jack Harlan alidai kwamba kwa Afrika kusini mwa Sahara neno kituo halifai kabisa, kwa kuwa mazao yake yalianza kulimwa katika ukanda mrefu unaotoka Senegal hadi nyanda za mashariki, kila zao na mahali pake; mtama, kwa mfano, ushahidi wake wa kale unapatikana mashariki mwa Sudan. Kosa hilo, hata hivyo, halikuondoa thamani ya safari zake. Wingi wa aina una manufaa uwe umezaliwa pale au umelelewa pale, kama ilivyodhihirika pale shayiri ya Ethiopia ilipotoa kinga dhidi ya ugonjwa wa virusi uliokuwa ukidumaza shayiri ya California.

Upande huu wa Tanzania, wazo la kutafuta kinga kwa jamaa-pori wa zao, yaani mimea ya mwituni iliyo ya ukoo mmoja na zao linalolimwa, lilipata jaribio lake kubwa Amani, katika milima ya Usambara ya Mashariki. Kituo cha Amani kilianzishwa na Wajerumani mwaka 1902, kikarithiwa na Waingereza baada ya Vita Kuu ya Kwanza. Ugonjwa wa muhogo uitwao batobato, unaokunja majani na kuyatia mabaka ya njano, ulikuwa umeelezwa kisayansi kwa mara ya kwanza mwaka 1894 kutoka katika koloni hilohilo la Ujerumani, na mwaka 1936 mtafiti wa Amani, H. H. Storey, aliutangaza ugonjwa wa pili, michirizi ya kahawia, unaoozesha mzizi ardhini huku majani yakiendelea kumdanganya mkulima kwamba mambo ni shwari. Storey na mwenzake R. F. W. Nichols walipoona kwamba hakuna muhogo unaostahimili vya kutosha, waliuchavusha na mti wa mpira wa Ceará, Manihot glaziovii, ambao Wajerumani waliupanda kwa ajili ya utomvu na ambao wakazi wa Dar es Salaam wanaufahamu kwa njia nyingine, kwani majani yake ndiyo yanayouzwa sokoni kama kisamvu cha mpira. Watoto wa uzazi huo walirudishwa tena na tena kwa muhogo wa kawaida hadi mizizi ikafaa kuliwa na kinga ikabaki.

Mbegu za uzazi wa Amani zilipelekwa Nigeria, zikawa msingi wa mihogo iliyozalishwa Ibadan katika miaka ya 1970, na mihogo hiyo ya Ibadan ndiyo iliyoletwa Uganda miaka ya 1990, wakati batobato kali ilipoangamiza mashamba na watu wakakimbilia vyakula vingine. Kwa njia hiyo jambo lililoanzia Usambara lilizunguka bara na kurudi Afrika Mashariki baada ya nusu karne. Jina la Vavilov halikuwa na sehemu ya moja kwa moja katika kazi ya Amani, lakini ni vigumu kupata mfano bora zaidi wa kile alichokuwa akikihubiri Leningrad, jina jipya la Petrograd, katika miaka hiyohiyo.

Mahubiri hayo yalimponza. Urusi ya Stalin ilitaka mazao mengi kwa haraka, na Vavilov aliahidi mafanikio ya miaka kumi au zaidi, ambao ndio muda halisi wa kuzalisha aina mpya ya ngano. Trofim Lysenko, mtaalamu wa kilimo kutoka familia ya wakulima wa Ukraine, aliahidi mafanikio ya misimu michache kwa kulowesha na kupoza mbegu, akidai kwamba mabadiliko yanayoletwa na mazingira huingia katika urithi wa mmea, na kwamba jenetiki ni uzushi wa mabepari. Vavilov mwenyewe mwanzoni alimsifu kijana huyo, jambo ambalo waandishi wengi wa wasifu wake hulipitia haraka. Mwaka 1938 Lysenko alikuwa rais wa akademia ya sayansi za kilimo ambayo Vavilov ndiye aliyekuwa rais wake wa kwanza. Kilimo kinachoamriwa kutoka mezani hakikuwa cha Urusi peke yake: Waingereza walipoanzisha mradi wa karanga Kongwa, Urambo na Nachingwea mwaka 1947 bila majaribio ya kutosha ya udongo na mvua, walipoteza takriban pauni milioni 36 kabla ya kuufunga mwaka 1951. Tofauti iliyopo ni kwamba Tanganyika aliyeonya alipuuzwa, na Urusi aliyeonya alifungwa.

Tarehe 6 Agosti 1940, Vavilov akiwa katika safari ya kukusanya mimea karibu na Chernivtsi, magharibi mwa Ukraine, alichukuliwa na maofisa wa usalama. Alihojiwa mara mamia, akahukumiwa kifo mwezi Julai 1941 kwa mashtaka ya ujasusi na hujuma, na hukumu hiyo ikabadilishwa baadaye kuwa kifungo cha miaka 20. Mwaka 1942, akiwa kifungoni, Royal Society ya London ilimchagua kuwa mwanachama wake wa kigeni. Njaa ya gerezani ilimmaliza akiwa na umri wa miaka 55, katika mji uleule aliotangazia sheria yake. Ndugu yake Sergei, mwanafizikia, alifanywa rais wa Akademia ya Sayansi ya Umoja wa Kisovieti mwaka 1945 na serikali ileile, naye akautumikia wadhifa huo hadi alipofariki mwaka 1951. Jina la Nikolai lilisafishwa rasmi mwaka 1955.

Wakati huo taasisi yake ilikuwa imekwisha kupita katika mtihani wake. Majeshi ya Ujerumani yaliuzingira mji wa Leningrad kuanzia Septemba 1941 hadi Januari 1944, siku 872, na mamia ya maelfu ya wakazi walikufa kwa njaa. Ndani ya jengo la taasisi zilikuwepo tani za mpunga, ngano, mahindi na maharage. Wafanyakazi walizilinda mbegu hizo dhidi ya panya, baridi na watu wenye njaa, nao wenyewe hawakuzila. Dmitri Ivanov, mtaalamu wa mpunga, alikufa huku maelfu ya vifurushi vya mpunga vikiwa salama. Alexander Shchukin, mtaalamu wa karanga, alifia kwenye meza yake ya kazi. Lidiya Rodina na wengine kadhaa walikufa vivyo hivyo. Habari hii husimuliwa mara nyingi, na aghalabu husimuliwa kana kwamba ni ya mbegu kavu peke yake.

Sehemu ya habari hiyo inayoihusu zaidi Dar es Salaam ni ile ya viazi. Viazi mviringo havihifadhiwi kwa aina zake katika droo ya mbegu. Hupandwa upya kila mwaka, na mkusanyo wake ulikuwa shambani Pavlovsk, kituo kilichoanzishwa mwaka 1926 nje kidogo ya Leningrad. Mwaka 1941 Abraham Kameraz na Olga Voskresenskaya waliving'oa viazi hivyo mizinga ikisogea, wakavipeleka mjini, na vikahifadhiwa katika chumba cha chini kilichopashwa moto kwa kuni zilizookotwa kwenye magofu. Pavlovsk ilifufuliwa baada ya vita ikawa na mkusanyo mkubwa wa miti ya matunda, ambao sehemu yake kubwa haipatikani mahali pengine popote. Mwaka 2010 mfuko wa serikali ya Urusi wa kuendeleza nyumba ulitaka kuiuza ardhi hiyo kwa ajili ya makazi, na mahakama ikauruhusu. Wanasayansi wa nchi nyingi walilalamika na mnada ukasimamishwa. Adui wa wakati wa vita alijulikana kwa sare zake. Huyu wa pili alikuja na ramani ya viwanja, na watu waliohitaji nyumba hawakuwa waovu.

Mazao makuu ya pwani ya Tanzania ni ya kundi hilo la viazi. Nazi haikaushwi na kuwekwa katika jokofu kama punje ya mtama, kwa sababu mbegu yake ni kubwa, ina maji mengi na hufa ikikaushwa. Embe nalo ni hivyohivyo. Muhogo na mgomba hupandwa kwa pingili na machipukizi, si kwa mbegu. Kwa hiyo benki ya mimea hiyo, yaani mahali ambapo aina zake zinatunzwa kwa ajili ya vizazi vijavyo, kwa kiasi kikubwa ni shamba lenye miti hai, lenye mipaka, mlinzi na hati. Kituo cha utafiti wa kilimo cha Mikocheni, Kinondoni, ambacho leo ni sehemu ya Taasisi ya Utafiti wa Kilimo Tanzania, TARI, kilikua kutokana na Mpango wa Taifa wa Kuendeleza Minazi ulioanzishwa kwa msaada wa Ujerumani Magharibi, na mashamba yake ya majaribio ya minazi na mihogo yalipelekwa Chambezi, Bagamoyo. Tatizo kubwa lililokikabili ni ugonjwa unaoua minazi, unaosababishwa na fitoplazma, kiumbe mdogo wa jamii ya bakteria asiye na ukuta wa seli, anayeishi katika mishipa ya mmea. Nazi hupukutika, majani hugeuka njano kutoka chini kwenda juu, na baada ya miezi michache kinachobaki ni shina lililosimama bila kichwa. Minazi ya kigeni iliyoletwa kwa matumaini ya kuzaa mapema iliangamia kwa wingi, na watafiti wakarudi kuichunguza minazi mirefu ya Afrika Mashariki, ile ile ya mababu, ambayo baadhi ya makundi yake yalionekana kustahimili kuliko mengine.

Jambo hilo lina uzito kwa sababu minazi iliyosalia ilikuwa imesimama katika mashamba ya watu binafsi. Mnazi mrefu uliookoka maradhi Toangoma au Kigamboni kwa miaka thelathini ni ushahidi wa kisayansi ambao haujaandikwa, na mwenye kiwanja anayeukata ili ajenge msingi hana njia ya kulijua hilo, wala hakuna ofisi ya ardhi inayomuuliza. Sheria na taratibu za mipango miji hutenga maeneo ya barabara, shule na makaburi, pamoja na maeneo ya wazi. Eneo la kutunza aina za mimea halimo katika hesabu ya kawaida ya mpima ardhi.

Ethiopia, nchi ambayo Vavilov aliitembelea akiwa mgeni, ndiyo iliyolijibu swali lake mapema zaidi katika ukanda huu. Mwaka 1976 ilianzisha kituo cha kitaifa cha nasaba za mimea Addis Ababa, na mtaalamu Melaku Worede, aliyekiongoza kuanzia mwaka 1979, alitambua kwamba mbegu zilizofungiwa katika baridi zinabaki vilevile ilhali magonjwa yanabadilika. Njaa ya miaka ya 1984 na 1985 ilipowalazimisha wakulima kula mbegu zao, kituo hicho kilizikusanya kabla hazijaisha, kisha kikawarudishia wakulima ili wazitunze kwa kuzilima. Worede alipewa Tuzo ya Right Livelihood mwaka 1989. Vavilov alikuwa amechukua sampuli na kuondoka nazo. Worede aliichukua sampuli na kuirejesha kwa mwenyewe, na katika hilo mwanafunzi ambaye hawakuonana alimpita mwalimu.

Tanzania ina kituo chake cha kitaifa cha nasaba za mimea jijini Arusha, ambacho huhifadhi mbegu zinazokaushika kama mtama, ulezi, kunde na mbogamboga za asili, na Arusha hiyohiyo lipo tawi la Kituo cha Mboga Duniani lenye mkusanyo wa mchicha, mnavu, mgagani na nyanya chungu za Kiafrika. Sheria ya Mbegu ya mwaka 2003, pamoja na marekebisho yake, husimamia uuzaji wa mbegu na imeruhusu wakulima wadogo kuzalisha mbegu za daraja la kuazimiwa ubora na kuziuza ndani ya eneo lao chini ya ukaguzi. Mbegu ambayo mkulima anaitunza na kubadilishana na jirani yake, isiyo na jina kwenye orodha rasmi, inabaki nje ya mfumo huo, ingawa ndiyo inayooteshwa katika bustani nyingi za mabondeni, kando ya mifereji na nyuma ya nyumba.

Hapo ndipo vitongoji vya Dar es Salaam vinapata sura isiyotarajiwa. Wakazi wa Mbagala na Chamazi walitoka Lindi, Mtwara, Rufiji, Tanga, Kigoma na kwingineko, na wengi walikuja na kitu cha kupanda: pingili za muhogo wa kwao zilizofungwa kwenye mfuko, mbegu za maboga, njugumawe za bibi, machipukizi ya mgomba. Bila mtu yeyote kupanga, kando ya jiji kumekusanyika aina ambazo mkusanyaji angelazimika kuzunguka nusu ya nchi kuzipata. Kinachokosekana ni kile ambacho Vavilov aliwalazimisha wakusanyaji wake wakifanye kwa kila kifurushi, yaani kibandiko chenye jina la mmea kwa lugha ya mkulima, mahali ulipochukuliwa, aina ya udongo, tarehe na matumizi yake. Sampuli isiyo na maelezo hayo inaweza kuliwa lakini haiwezi kufanyiwa utafiti, kwa kuwa hakuna anayejua ni ukame gani uliichuja wala ni ugonjwa gani iliushinda.

Maafisa ugani wa kata bado wapo katika manispaa za jiji, japokuwa kazi yao inazidi kuwa ya kuku wa nyama na mboga za kuuza, na msimu wa vuli ungali ndio wakati ambapo wakazi wa pembezoni hugawana pingili. Muhogo unaotoka kwa jirani hukaguliwa kwanza kama una mabaka ya batobato, kisha huulizwa ulitoka mkoa gani na unaitwaje. Majibu ya maswali hayo mawili ndiyo mwanzo wa kibandiko cha Vavilov, na kuyaandika hakuhitaji ghala la baridi. Kunahitaji daftari, namba zinazofuatana na ruhusa ya mwenye shamba, ambaye mara nyingi ndiye pekee anayelijua jina la kilichopandwa na ndiye anayepigiwa simu na dalali wa viwanja.